Nasike na Watu Wanaolipia Kutembea

Kwa miaka kumi na mmoja Nasike alitembea kila asubuhi kutoka Gatwekera, huko Kibera, hadi Kawangware 56, na hakuna aliyemvisha medali. Alipanda hadi Olympic, akavuka Ngong Road, kisha akashika Naivasha Road mpaka kwenye veranda ya duka la hardware ambapo anashona viatu. Saa moja na robo kwenda, saa moja na robo kurudi, mvua au jua, begi la vyuma mgongoni. Sisi wajinga tulidhani anatembea kwa kukosa nauli. Kumbe mama wa watu alikuwa akifanya burudani ya nje, tena bila kulipa, jambo ambalo pengine ni kosa.

Mimi nauza mitumba hatua chache kutoka anapokaa, kwa hivyo namjua vizuri. Alizaliwa upande wa Chwele, baba yake akiwa fundi wa viatu sokoni. Kaka zake watatu walifundishwa kazi hiyo wakaikimbia; yeye hakufundishwa, akaijua kwa kutazama. Mumewe alipokwenda Mombasa kutafuta kazi, na hiyo kazi ikamficha vizuri mpaka leo, Nasike alizitoa sindano za marehemu baba yake, akamwacha mwanawe Austin shuleni, akaja kukaa pale verandani. Wateja wapya humtazama, kisha wakatazama nyuma yake, wakauliza, "Fundi ametoka?"

"Ametoka," huwajibu. "Ameniachia mimi niwashonee."

Basi anashona, wanalipa, halafu wanamwambia amsalimie fundi.

Mwaka jana, mwezi wa pili, Jackie alifika pale na mfuko wa karatasi ambao wenyewe ulikuwa mzuri kuliko mikoba yangu yote. Jackie ni binti wa Mzee Kihara, mwenye ploti nzima ile, veranda ikiwemo. Mfukoni mlikuwa na buti za kupandia mlima, rangi ya udongo, na kando zina chapa nyekundu. Soli ya kushoto ilikuwa imeachana na kiatu kuanzia kidole mpaka kisigino.

"Fundi, niaje. Hizi zinaweza tengenezwa?"

"Umezivaa mara ngapi?"

"Mara mbili. Wacha, moja na nusu. Ile ya pili mvua ilitupata tukarudi."

"Na zimekaa wapi?"

"Kwa boksi, chini ya kitanda. Miaka minne. Nimezitunza sana."

Nasike aliibonyeza ile soli kwa kidole gumba, ikamomonyoka mkononi mwake kama mandazi ya juzi.

"Hapo ndipo ulipoziua," alisema. "Humu ndani kuna povu. Povu likikaa tu bila kukanyagwa linaoza. Hivi viatu, msichana wangu, vimekufa kwa kukosa kutembea."

Nilicheka mpaka nikaacha mteja aende na bei yake. Jackie hakucheka. Alieleza kwamba Jumamosi kundi lao linapanda vilima vya Ngong, na kundi lenyewe liko serious, lina katiba. Nasike alimshauri amwekee soli ya tairi, ashone pande zote, viatu vidumu mpaka wajukuu.

"Tairi? Kama akala za watchman?"

"Huyo watchman umewahi kumwona pekupeku?"

Lakini Jackie alitaka gundi, na alitaka ile chapa nyekundu isiguswe. Nasike akapaka gundi, akabana, akamrudishia. "Itashika vizuri kabisa," alimwambia, "mpaka siku utakapotembea."

Jackie, ambaye kiburi chake hakina ubaya, alimwambia basi aje ajionee. Kulikuwa na mtu aliyelipa elfu tatu na mia tano halafu akapata harusi, na nafasi yake ilikuwa wazi. Jumamosi ndiyo siku yetu kubwa ya biashara. Nasike alikubali. Nilipomuuliza kwa nini, alisema anataka kuona ni kitu gani hawa watu wananunua huko.

Haya ya mlimani ni kama alivyonisimulia.

Walikuwa ishirini na wawili. Mwenyekiti wao alikuwa Kagiri, mtu wa bima, mwenye fimbo mbili za kutembelea na saa ya mkononi inayomjulisha akichoka, maana bila hiyo asingejua. Pale langoni Kagiri alitoa hotuba ya dakika ishirini kuhusu kutunza mazingira, chupa ya plastiki mkononi. Kila mmoja alipewa chupa mbili kama hiyo, chakula ndani ya kontena ya plastiki, kijiko cha plastiki ndani ya karatasi ya plastiki, na fulana mpya iliyoandikwa "Tunza Mazingira". Ilikuwa fulana ya sita mwaka huo, na mwaka wenyewe ulikuwa na wiki saba. Zile tano za kwanza nazijua. Nilishaletewa baadhi yake na wasichana wa kazi niwauzie.

Nasike alivaa raba zake za turubai zenye soli ya tairi la pikipiki. Kagiri alizitazama akamwambia kwa upole kwamba mlima si mahali pa kujaribu bahati, na kwamba akishindwa asione aibu, aketi tu chini awasubiri.

Katika kilima cha pili Nasike alilazimika kusimama mara tatu kuwasubiri. Hakuona aibu.

Katika kilima cha tatu soli ya Jackie ilibaki nyuma, yeye akaendelea hatua mbili na soksi. Kabla hawajamaliza kumpa pole, ya Kagiri ya kulia ikafungua mdomo, kisha ya kushoto, na saa ikampongeza kwa kufikisha hatua elfu tano. Walipochunguzana, viatu vya watu wengine wanne vilikuwa vinakata roho. Vyote vilikuwa vya bei, na vyote vilikuwa vimetunzwa sana.

Nasike alifungua begi lake, akatoa tyubu ya baiskeli, akaikata vipande kwa kisu, akawafunga mmoja mmoja kama mtu anayefunga mizigo ya kwenda nyumbani Disemba. Alivuta, akakaza fundo, akasema, "Simama. Ruka." Wakaruka.

"Hii ni innovation," Kagiri alisema, akiupiga picha mguu wake.

"Hii ni tyubu," Nasike alimjibu.

Walifika juu. Hapo, mwenyewe anasema, hakucheka mtu. Upande mmoja aliiona Nairobi yote imelala kwenye vumbi lake, upande wa pili ardhi imeporomoka mpaka chini kabisa kwenye Bonde la Ufa, na upepo ulikuwa unavuta nguo kama mtoto anayetaka kubebwa. Alitafuta Gatwekera kwa macho asiipate. Alikaa kwenye nyasi. Akagundua kwamba miaka hiyo yote ya kutembea, hakuna siku hata moja aliyotembea bila mtu kumsubiri mwisho wa safari, mteja au mtoto au mama mwenye nyumba. Hapo juu hakukuwa na mtu anayemsubiri. Aliniambia miguu ilimwuma kwa mara ya kwanza, nadhani kwa sababu ilipata nafasi.

Jumapili baada ya kanisa aliwaeleza Musimbi na Kukhu Nasambu. Musimbi, yaani Mama Brenda, anauza mboga mtaa wa Lindi hapo Kibera, na ndiye kiongozi wa akina mama wa kanisa lao. Kukhu Nasambu ni nyanya wa watu wengi, umri wake sitini na kitu, hicho kitu akikificha. Kwa miaka thelathini ametoka Kibera kwenda mazishini Bungoma, akarudi, akangoja mazishi mengine.

"Kwa hivyo mlipofika juu, kulikuwa na nini?" Musimbi aliuliza.

"Upepo."

"Na nini tena?"

"Nyasi."

"Na mtu mzima, mwenye akili, analipa elfu tatu na mia tano?"

"Na anarudi amefurahi, Mama Brenda. Mimi pia nilirudi nimefurahi."

Musimbi alipiga makofi kwa mshangao. Kwake, mtu akitembea bila sababu anaombewa. Lakini Kukhu Nasambu alikuwa ameweka mkono shavuni. Hatimaye alisema, "Mimi nataka kuuona huo upepo."

Hapo ndipo kazi ilipoanza. Nasike alimwendea Jackie na kumwuliza kama akina mama kumi na wanne wanaweza kwenda. Jackie, ambaye sasa alikuwa amekubali soli za tairi na alikuwa akizitembeza Kawangware kama mtu aliyezivumbua, alifungua simu akasoma: elfu tatu na mia tano kila mtu, mara kumi na nne.

"Pesa hiyo inakula nini?" Nasike aliuliza. "Nitajie polepole."

Jackie akataja fulana. Nasike akasema akina mama wana nguo. Akataja mpiga picha. Nasike akasema Musimbi ana simu na ana umbea, vinatosha. Akataja chupa za maji, chakula cha hotelini, bendera ya kundi, mtu wa kuwanyoosha viungo kabla ya kuanza. Kwa huyo wa mwisho Nasike alihitaji kuelezwa mara mbili. Kisha akauliza kama akina mama waliofua tangu alfajiri ya Ijumaa bado wanahitaji kunyooshwa. Walipomaliza kuondoa, ilibaki nauli ya kawaida, kiingilio cha langoni na malipo ya askari wa kuwasindikiza. Hayo Nasike hakuyagusa. Alisema mlima nao lazima ule. Jumla ilikuwa chini ya robo ya ile ya kwanza.

"Lakini viatu?" Jackie alisema. "Hauwezi peleka kina mathe huko na slippers."

"Viatu mnavyo nyinyi. Vimekufa chini ya vitanda. Niletee maiti zote."

Jackie aliandika kwenye kundi lao la simu, na ndani ya wiki mbili magunia mawili yalijaa. Jozi kumi na tisa! Watu walileta kwa furaha kubwa, maana walikuwa wanatafuta sababu ya kununua nyingine. Nasike alikwenda gereji akaokota tairi kuukuu ambazo zingechomwa, akakata soli, akashona jioni baada ya wateja kuondoka. Mimi nilichangia makoti ya mvua yaliyonikalia tangu enzi, ya rangi ambazo binadamu wa kawaida hanunui: ya zambarau, ya chungwa, moja yenye picha za bata. Sharti lilikuwa moja: haviuzwi, havipewi mtu. Unaazima, unapanda, unasafisha, unarudisha.

Mzee Kihara alipita akaona viatu vimepangwa ukutani, akasema hiyo ni biashara ya pili na veranda ina kodi ya moja. Jackie alimwambia, "Baba, jozi tatu hapo ni zangu, kwa hivyo mpangaji ni mimi. Nitumie barua." Mzee alikwenda zake akinung'unika kwa Kikuyu. Barua haijafika bado.

Safari ilikuwa Jumamosi ya mwezi wa sita. Nilifunga kibanda nikaenda, sababu koti la bata lilikuwa halijapata mtu. Tulibeba maji kwa vidumu vidogo vilivyokuwa vya mafuta ya kupikia, viazi vitamu vilivyochemshwa, chapati kwenye kitambaa, na chai kwenye flaski mbili za Musimbi. Langoni tulikuta kundi lingine, si lile la Kagiri, vijana wamevaa nguo zinazobana kama wanaenda kuzamia. Waliyaona makoti yetu wakauliza sisi ni kundi la wapi.

"Gatwekera Extreme," Musimbi alijibu, bila kutabasamu.

Kilima cha kwanza kilituumbua. Mimi nilisema nimesahau kitu chini. Musimbi alitaja majina ya watu wote waliomshauri aje, na yote yalikuwa Nasike. Kukhu Nasambu alikwenda taratibu, hatua yake moja tu, ile ya kubeba maji, haongezi wala hapunguzi, na baada ya saa moja alikuwa mbele yetu sote pamoja na askari.

Nasike alimfuata kwa karibu. Mahali penye mteremko wa kokoto alimshika mkono, akamwambia, "Kanyaga, Kukhu. Hiyo soli ilikuwa ya lori."

"Ilibeba nini?"

"Sukari, labda."

"Basi itanibeba."

Juu kabisa tulikaa chini tukala. Hakuna aliyesema kitu cha maana. Mama mmoja alivua viatu akaweka nyayo kwenye nyasi, akalala chali, akasinzia mchana kweupe, na sote tulimwangalia kana kwamba ameiba kitu, kisha mmoja mmoja tukalala pia. Wakati wa kushuka Kukhu Nasambu alikataa kuinuka.

"Kukhu, jua linaenda," Nasike alimwambia.

"Niacheni kidogo. Nyumbani nakimbilia nini? Maji ya kuchota yako pale pale. Wajukuu wako pale pale. Huu upepo ndio hauko pale."

Nasike hakubishana. Alikaa kando yake. Nilimwona akitazama mbele na machozi yanamtoka, na upepo ukawa kisingizio kizuri. Walikaa karibu nusu saa. Askari, Mungu ambariki, alijifanya anakagua nyasi. Kisha Kukhu alinyoosha mkono ainuliwe, akasema, "Haya. Nimeshiba."

Tulishuka na takataka zetu, ambazo zilikuwa maganda ya viazi. Tulishuka pia na chupa za wale wengine, gunia zima, kwa sababu Musimbi haachi plastiki inayouzika njiani, hata ingekuwa mbinguni. Vijana wa nguo za kubana walitupongeza kwa moyo wetu wa kujitolea. Musimbi aliwaambia asante, na kama wana nyingine walete.

Habari zilimfikia Kagiri, naye akaona mbali. Mwezi wa tisa kulikuwa na semina katika hoteli moja mjini, siku mbili, kuhusu kupunguza gharama za burudani ya nje kwa njia endelevu. Chai ilikuwa na aina nne za keki. Kwa gharama ya ukumbi peke yake ungeweza kupandisha Gatwekera nzima mlimani, na kuku wao. Kulikuwa na mtaalamu aliyeonyesha duara tatu zinazoingiliana, na washiriki walipewa mkoba, kalamu, na fulana.

Nasike alipewa dakika tano kabla ya chakula. Alisimama na begi lake la vyuma.

"Kiatu kikifa, shona," alisema. "Kama hauna, azima. Ukimaliza, rudisha. Chakula toka nacho nyumbani. Msinunue vitu. Ni hayo tu."

Mtaalamu alitabasamu akamwomba, tafadhali, awafungulie kidogo hapo, yaani aeleze zaidi. Nasike akadhani wanataka kuona. Akafungua begi, akaweka juu ya kitambaa cheupe buti moja iliyokuwa na tope la Ngong, soli juu, watu waone mshono. Walipiga picha sana. Kisha kengele ya chakula ikalia, na kufikia mwisho wa siku ya pili waliazimia kwamba jambo hilo lifanyiwe utafiti.

Lakini nisiwaseme sana. Watu sita wa kundi la Kagiri walikuja verandani wiki iliyofuata kuwekewa soli za tairi, na wawili wakaazima makoti badala ya kununua. Fulana zimepungua mpaka moja kwa mwaka. Kagiri mwenyewe sasa anabeba maji kwa kidumu, ingawa alikinunua dukani, kipya, kimeandikwa "kidumu".

Akina mama wanakwenda kila baada ya miezi miwili, mvua ikiruhusu. Sasa ni ishirini na saba, na foleni ya viatu saizi thelathini na tisa ni ndefu kuliko ya maji. Austin, ambaye yuko kidato cha nne, huwaandikia zamu ukutani kwa chaki. Wateja bado humwuliza Nasike fundi yuko wapi. Siku hizi huwaambia yuko mlimani.

Tatizo kubwa ni moja tu. Kuna jozi ya buti yenye kamba za kijani, laini ndani, nyepesi, zilizoletwa na Jackie mwezi uliopita, na Kukhu Nasambu alipoziazima hakurudisha. Anazivaa kanisani, na kitenge. Anazivaa akienda kuchota maji. Musimbi, mtu wa sheria, alitaka jambo hilo lifikishwe kwenye kikao cha akina mama, kwa sababu sharti ni sharti.

"Nenda wewe ukamvue," Nasike alimwambia.

Musimbi alikwenda. Alimkuta Kukhu mlangoni anazipangusa kwa kitambaa chenye mafuta ya kujipaka, kiatu kimoja mapajani. Akapewa kigoda, akapewa chai, akaambiwa habari za magoti. Alirudi jioni bila viatu, akasema hakumkuta.